Viti vya Watu wa Nyumba

Vijana wangu wa sekretarieti, nyinyi mliotawanyika Kinshasa, Bujumbura na Kampala, mmeniomba kwenye grupu ya WhatsApp niandike chama chetu kilikuwaje kabla hamjajiunga. Nimekubali, kwa kuwa siku hizi nafasi ninayo, tena nyingi kuliko ninavyopenda. Mtu aliyetumikia ofisi ya chama maisha yake yote hapewi barua ya kustaafu. Mimi nilistaafu asubuhi ile nilipofika Nyawera, hapa Bukavu, nikakuta mlango wa ofisi umeng'olewa na ndani hamna kitu, hata pazia. Ufunguo bado ninao mfukoni. Nimejaribu kuuweka kabatini nikashindwa.

Anayetaka hotuba awaulize waliozitoa, maana wanazikumbuka kuliko tuliozisikiliza. Mimi nitaeleza viti. Kwenye karatasi niliitwa secrétaire permanent, katibu wa kudumu, lakini kazi yenyewe, kwa miaka mingi, ilikuwa kuosha viti vya chama, kuvipeleka mahali na kuvirudisha.

Wengi wenu mmemjua Mwalimu Lushombo akiwa tayari mzee wa fimbo, anakaa pembeni kwenye mikutano. Nilipoanza mimi, alikuwa ametoka tu kuwa mkurugenzi wa shule ya msingi kule Ibanda, na nusu ya mji alikuwa ameifundisha kusoma, kusali na kunyamaza. Alianzisha chama pamoja na makatekista, wachuuzi wa Kadutu na wakulima wa kule Kavumu. Kiliitwa Umoja wa Nyumba na Udongo, na mitaani tukaitwa Watu wa Nyumba. Tulitaka shamba lisiuzwe kabla ukoo haujakutana, ndoa ipite kanisani, mwami, mtawala wetu wa jadi, aheshimiwe, mtoto amsalimu mkubwa. Tulikuwa watu wasiopenda mambo yabadilike, na tuliishi katika mji ambao kila ukiamka kuna kitu kimebadilika. Walitucheka sana, na mimi sikuona aibu, kwa sababu nilikuwa nimelelewa hivyo hivyo.

Siku ya kwanza nilivaa shati jeupe na tai, nikitarajia meza. Mwalimu alinitoa nje nyuma ya ofisi, palipokuwa na viti vya plastiki vya bluu vimepangwa kwa safu, akanikabidhi brashi, sabuni ya unga na kopo dogo la rangi.

"Murhula, unajua kuosha kiti?"

"Mwalimu, mi nilisoma pédagogie, kazi ya ualimu."

"Njo maana nakuuliza kama unajua kuosha kiti."

Sikujua. Nilikuwa nasugua pale mtu anapokalia, yeye akanionyesha kwamba uchafu wa Bukavu unakaa miguuni, ule udongo mwekundu unaopanda na mvua. Kiti chenye miguu michafu ukikiingiza kwenye nyumba ya watu, umewapa kazi ya kupiga deki. Kisha akanifundisha kukigeuza na kuweka doa moja la rangi ya bluu chini, mahali mkaaji halioni. Nilimuuliza kwa nini tusiandike jina la chama mgongoni, watu wasome. Alisema mtu aliyefiwa hana haja ya kusoma.

Hapo ndipo nilipoelewa viti ni vya nini. Mikutano tulikuwa nayo michache. Lakini kilio, mnajua wenyewe, hakikosekani katika mji wetu, na nyumba yenye kilio inahitaji viti kuliko inavyohitaji maneno. Mwalimu alikuwa na kanuni zake na hakukubali nizipindishe. Viti viende kwenye kilio chochote cha mtaani, hata marehemu awe wa chama gani. Vifike kabla ya sanduku. Nikishavishusha niondoke, nisizungukezunguke jirani na sufuria. Na jina la aliyechukua nisiliandike.

"Mutu wa kilio hatumuandike," alisema. "Atajisikia mudeni siku bwana yake anaingia mu udongo?"

Basi nikajifunza kazi. Viti vilifungwa kwa ukanda wa mpira wa tairi, vikapandishwa ngazi za Kadutu na akina mama wabeba mizigo, nami nyuma yao nikishikilia visiyumbe. Kurudisha kulikuwa na ufundi wake. Kilio kikishaisha, ulikwenda ukasimama kwenye ua, ukakohoa, ukasalimia, ukaongea habari za mvua na bei ya unga. Wenye nyumba wakitaja viti, mnavikusanya. Wasipovitaja, unaaga na kurudi siku nyingine. Hivyo viti vilipungua, kimoja hapa, kimoja pale, na Mwalimu hakuniuliza hata mara moja.

Kilio kilichonifundisha zaidi ni cha dereva mmoja wa malori ya njia ya Bunyakiri. Alikuwa mhamasishaji wa chama cha wapinzani wetu, mwenye sauti ya kupasua bati, na mabango yetu alikuwa akiyachana mchana kweupe huku akituimbia. Lori lilimwangukia kwenye kona. Aliacha mjane, Maman Nabintu, anayeuza sombe, yale majani ya muhogo, pale Nyawera, na watoto wadogo. Habari zilipofika ofisini, wanachama wetu walikataa kubeba hata kiti kimoja. Mmoja alisema familia yake imwombe viti yule mkubwa wa chama chao aliyekuwa anamwimbia. Mwalimu hakubishana naye. Alivua kofia, akainua kiti, akakigeuza juu ya kichwa, na akatoka barabarani na tai yake shingoni. Mkurugenzi mzima wa shule, na kiti kichwani kama anayehama. Watu wa Nyawera waliacha kuuza wakamtazama. Hatukuwa na la kufanya ila kumfuata, na kila mmoja na viti vyake.

Baada ya majuma kadhaa nilikwenda kwa Maman Nabintu, nikasimama kwenye ua nikakohoa. Viti vingine vilikuwa vimesharudi, kimoja bado. Alinisalimia vizuri tukaongea mvua. Kiti chetu nilikiona mlangoni, na mtoto wake wa mwisho amelala juu yake amejikunja. Niliaga. Nilipomwambia Mwalimu, alisema, "Iko fasi yake," yaani kipo mahali pake, na akaendelea kusoma gazeti.

Uchaguzi uliofuata tulipata kura hata kwenye mitaa ile walikotuchania mabango, tukapata wabunge katika jimbo na mmoja akaenda Kinshasa. Huyo ndiye mnayemjua nyinyi kwa jina la Honorable. Alikuwa kijana mchapakazi, na ningekuwa mwongo nikisema hatukumpenda. Kinshasa alijiunga na walio wengi serikalini. Serikali ilipobadilika, akajiunga na wale wapya. Alituambia chama hakijahama, serikali ndiyo imehama, sisi tunabaki karibu nayo. Nilifikiri anatania, lakini hakuwa anatania.

Kisha zikaanza barua kutoka Kinshasa. Jina la Nyumba na Udongo lilionekana la kizamani, tukawa Mwendo Mpya. Neno Udongo lilikuwa limeondoka mapema kidogo, wakati Honorable alipoanza kununua viwanja kando ya ziwa. Bluu ikawa njano. Nembo yetu, picha ya nyumba yenye mlango wazi, ilifutwa, pakawekwa mshale unaoelekea juu. Na viti vikawa vya wenye kadi tu. Ilinibidi nisimame mlangoni kuwauliza waliofiwa kama kadi wanayo, na wengi walinitazama tu wakaondoka. Mwalimu alipewa cheo cha président d'honneur, mwenyekiti wa heshima, ambacho maana yake ni kwamba unaalikwa na husemi.

Kuanzia hapo ofisi ilianza kuwa tupu. Watu waliokuwa wanapita asubuhi kusalimia walipunguza, kisha wakaacha. Niliwahi kukaa mchana mzima nikisikiliza saa ya ukutani na mvua. Mke wangu alikuwa ameshafariki, wanangu wako Kampala, na nyumbani nako kulikuwa kimya hivyo hivyo, kwa hiyo nilichelewa kufunga. Nawaambia haya bila kuwalaumu. Ndiyo miaka mliyojiunga nyinyi, na mlikuwa na kelele nzuri za vijana, lakini mlikuwa na simu na mimi nilikuwa na brashi.

Sasa ule mkutano mkubwa. Baadhi yenu mlikuwepo na hamkuelewa kilichotokea, maana niliwasikia mkiushangilia. Honorable alikuwa anakuja Bukavu kutafuta kuchaguliwa tena. Kinshasa walituma viti vipya vya njano, na boksi la picha za kubandika zenye uso wake, anatabasamu. Mpango ulikuwa picha ziende mgongoni mwa kiti. Lakini migongo ya viti vile ina matundu, picha haishiki. Vijana wa mawasiliano waliotoka Kinshasa hawakupoteza muda, wakazibandika pale pa kukalia. Nilipofika ukumbini kazi ilikuwa imekwisha, na uso wa Honorable ulikuwa ukinitazama kutoka kila kiti, umelala chali.

Watu waliingia. Wazee wa Kavumu waliosafiri tangu alfajiri, makatekista, akina mama wa Kadutu na vikwembe vyao, vile vitenge vya sherehe. Walifika kwenye safu, wakatazama chini, wakasimama. Hawa ndio watu waliofundishwa tangu utotoni kutoruka miguu ya mkubwa aliyekaa. Mama mmoja alimgeukia mwenzake.

"Niikalie ku uso ya mutu? Tena mutu mukubwa?"

"Na iko muzima," alijibu mwenzake. "Angekuwa mufu, tungemuomba samahani."

Hakuna aliyekaa. Honorable aliingia, akakuta ukumbi mzima umesimama kwa ajili yake, na uso ukamng'aa. Alifungua mikono.

"Asanteni! Asanteni sana! Sasa muikale!"

Hawakukaa. Aliwaomba tena, wakaendelea kusimama, naye akaona kwamba mapenzi yamezidi. Akahutubia kwa muda mrefu kuliko alivyopanga, kwa sababu nani atafupisha mbele ya umati unaokataa kukaa? Wazee waliegemea ukuta. Wengine waliegemeana wao kwa wao. Mwalimu Lushombo, na yale magoti yake, alisimama safu ya kwanza akiwa ameikamata fimbo kwa mikono miwili. Nilivua koti nikafunika kiti kilichokuwa nyuma yake, nikamnong'oneza akae.

"Murhula," alisema polepole, "chini ya koti, uso iko palepale."

Usiku huo Honorable aliweka picha mtandaoni akiandika kwamba Bukavu nzima ilisimama kwa ajili yake. Haukuwa uongo. Mimi nilikuwa nimerudi ukumbini nikibandua picha kwa mafuta ya taa na kijiko, na zile gundi hazikutoka zote hadi leo hii, kama viti hivyo bado vipo mahali.

Lakini kabla ya hapo nilimsindikiza Mwalimu nyumbani. Tulipanda ngazi za Kadutu tukipumzika kila penye ukuta. Karibu na mlango wake alinishika mkono.

"Siku yangu ikifika," alisema, "batu baikale. Basiende kusimama vile tulisimama leo. Ni hiyo tu nakuomba."

"Wataikala, Mwalimu."

"Weye njo unabeba viti."

"Mimi njo nabeba. Wataikala."

Nilimwahidi hivyo, na nilisema kwa moyo mwepesi, maana wakati huo stoo ilikuwa imejaa viti.

Wale wazee waliosimama hawakurudi tena. Uchaguzi ulipofika, hata mitaa iliyokuwa yetu tangu mwanzo ilitukimbia. Kinshasa waliandika kwamba tatizo lilikuwa mawasiliano, wakabadilisha njano ikawa kijani. Yaliyofuata mnayajua, kwa kuwa ndiyo yaliyowatoa hapa. Vita vikafika, mji ukapata watawala wengine, vyama vikanyamaza, Honorable alikuwa mbali, na nyinyi mkaondoka mmoja mmoja, wengine bila kuaga, na nawaelewa. Siku zile za vurugu watu waliingia kwenye ofisi nyingi wakabeba walichokuta. Yetu ilibebwa yote. Nilibaki mimi, ufunguo, na Mwalimu juu kule Kadutu, ambaye nilikuwa nikimtembelea.

Antoinette, binti yake, ndiye aliyenipigia. "Papa Murhula, muzee ametuacha," alisema, na simu ikakatika. Niliweka habari kwenye grupu yetu. Mliandika vizuri, wote. Honorable alituma sauti ndefu akilia, na nadhani alilia kweli. Niliicheza mara moja tu, kisha nikavaa viatu.

Nilipofika, sanduku lilikuwa sebuleni na watu walikuwa wachache, jirani na jirani, maana siku zile kukusanyika kulitia hofu. Walisimama kando ya ukuta. Antoinette alikuwa ametandika mkeka, lakini waliokuja walikuwa wazee wa rika la Mwalimu, na mzee wa magoti mabovu akishuka kwenye mkeka ni nani atamwinua? Viti vya nyumba ile vilikuwa vimeibwa pamoja na vitu vingine. Palikuwa na kigoda kimoja cha jikoni, na Antoinette mwenyewe ndiye aliyekalia, kichwa kwenye mapaja.

Nilitoka nikatafute viti. Nilikwenda parokiani, vyao walikuwa wamewapa watu waliokimbia vita, na walivihitaji. Nilikwenda kwa anayekodisha, amefunga. Nilibisha kwenye milango ambayo zamani nilipeleka viti mimi mwenyewe, na watu walinionea huruma, lakini hawakuwa navyo. Nilirudi mikono mitupu. Nikasimama mlangoni kwa Mwalimu, nikawatazama wale wazee wameegemea ukuta kama siku ile ya ukumbini, na moyo uliniuma vibaya sana. Sijawahi kujiona peke yangu kama nilivyojiona pale, na watu wapo.

Ndipo nilipoona mtu anapanda ngazi na kiti kichwani. Alikuwa Maman Nabintu, amezeeka, anapumua kwa shida. Alikishusha mbele yangu. Bluu yake ilikuwa imefifia, na mguu mmoja ulikuwa umefungwa waya.

"Papa Murhula, naleta kiti ya chama."

"Maman, chama haiko tena."

"Chama mi sijue." Alijifuta jasho kwa kikwembe. "Mwalimu alibeba hii kiti ku kichwa, akanileteya mu kilio ya bwana yangu, na bwana yangu alikuwa anamutukana kila siku. Leo iko kilio yake."

Alipita akaingia, akakiweka karibu na kichwa cha sanduku. Nilimwambia akae yeye, amechoka. Alikataa. Alimshika mkono katekista mmoja mzee aliyekuwa ameegemea ukuta, akamwongoza, akamkalisha. Yule mzee alikaa, akamtazama Mwalimu, akasali kidogo, akasema naye maneno ambayo hatukuyasikia. Kisha akainuka akamwachia aliyekuwa karibu. Huyo naye akakaa, akasali, akainuka. Hakuna aliyepanga. Walikwenda kwa umri, kama tulivyofundishwa, mkubwa kwanza, na anayeingia mlangoni alisubiri zamu yake. Mchana wote hadi tulipomtoa Mwalimu kwenda makaburini, kiti kile hakikukaa wazi.

Mimi nilikuwa wa mwisho. Nilipokalia, plastiki ilikuwa na joto la waliotangulia. Nilitaka kumwambia Mwalimu kwamba wamekaa, lakini kilio kilinishika, nikalia tu, na Maman Nabintu akanishika bega hadi nilipomaliza.

Jioni, baada ya maziko, alinikuta kwenye ua. Alisimama akakohoa. Tuliongea mvua.

"Nikuachie kiti, Papa?"

"Nitaipeleka wapi, Maman? Yako."

Vijana wangu, siku mtakayorudi kufungua ofisi, kwa jina lolote na rangi yoyote mtakayochagua, ufunguo mtaupata kwangu. Mlango itabidi mnunue. Na kule chini, kwa muuza sombe, kuna kiti chenye mguu wa waya. Msiende kukohoa kwenye ua wake.

Maman Nabintu alikigeuza kiti, akakipandisha kichwani, akaanza kushuka ngazi polepole. Kutoka juu pale nilipokuwa niliona chini ya kiti, na doa la bluu nililoliweka mwenyewe siku yangu ya kwanza bado lipo. Nililitazama hadi lilipopotea kwenye kona, na mimi nikabaki nimesimama.